Mama Yake Swala

Ngano yangu inakuja, ipokeeni. Zimwi lilimgeuza Zuena kuwa swala, na mama yake, Mwanakombo, akamfuata mbugani. Akamtambua kwa kovu la shavuni, akaita, "Zuena, mwanangu!" Swala akanusa mtu, akatoka mbio.

Kesho yake mama alioga mtoni kwanza. Swala akanusa mtu, akatoka mbio.

Siku ya tatu alijipaka matope na mavi ya swala, akasogea kimyakimya, mpaka mwanawe akamlamba mkono. Machozi yakamtoka.

"Ni mimi, mama yako," akanong'ona.

Swala aliposikia sauti ya mtu, akatoka mbio.

Tangu hapo Mwanakombo hutambaa kundini bila kusema neno, na mwanawe hulala ubavuni pake asijue ni nani.

Ngano imeishia hapo. Aliye na mama nyumbani, akamwitikie.