Mwanamize Kakakuona na Posa ya Fisi

— Wenye masikio mpo?

— Tupo, tumeyatega!

— Niilete, niiache?

— Ilete, mama, ilete!

Basi zamani, zamani sana, wanyama walipokuwa wakiposana kama watu, Bi Kakakuona alikuwa na binti mmoja, Mwanamize. Binti mzima, mzuri, magamba yanang'aa, lakini haya! Mgeni akipiga hodi tu, Mwanamize hujikunja akawa mviringo. Mama mtu hapati usingizi. "Nikifa nitakuacha na nani?"

Akatangaza kila njia kuwa ana mwari. Akaja Bwana Fisi, kanzu nyeupe, maneno asali.

"Mama mkwe, eti binti hulala amejikunja?"

"Akilala fofofo hujinyoosha, baba." Mama akamgeukia bintiye. "Wamtaka?"

Kimya.

"Anaona haya! Basi karidhia."

Mwanamize, mle ndani ya mviringo wake, akajiuliza: mchumba gani huyu, wa kuuliza nalalaje?

Fisi akarudi mara ya pili. "Mama mkwe, na tumboni ana magamba?"

"Hata moja! Laini kama andazi."

Fisi akameza mate. Mama akauliza, "Wamtaka?" Kimya. "Karidhia!"

Huyu hatafuti mke, Mwanamize akawaza. Akataka kusema, haya zikamshinda, akajikunja zaidi.

Mara ya tatu ikawa ndiyo siku ya ndoa. Fisi akaja na nduguze. Ngoma hawana, zawadi hawana. Wana kuni, chumvi na sufuria kubwa.

"Wakwe wachapakazi hawa," Mama akasema. "Wamekuja kupika wenyewe!"

Shekhe Korongo akauliza, "Mwanamize, umeridhia kuolewa?"

Kimya. Mama akafungua kinywa apige vigelegele.

"Sitaki!"

Wakatazamana. Nani huyo? Sauti ile hakuna mgeni aliyewahi kuisikia.

"Sitaki! Muulizeni, nyama ya sufuria hiyo iko wapi?"

Shekhe akachungulia sufuria. Mama akachungulia. Tupu! Fisi akacheka kicheko cha aliyefumaniwa, akatoka mbio na nduguze, kuni wakaziacha pale pale.

Mama akaangua kilio. "Mwanangu, si nilikuuliza?"

"Uliniuliza, mama. Hukunisubiri nijibu."

Mnasikia, wazazi? Kimya cha mwenye haya si jibu. Ukimuuliza mwanao, kaa umsubiri.

Nami ngano yangu nimeifikisha mlangoni. Iliyo tamu ibebeni, iliyo chungu niachieni mwenyewe.