Kadhi Aliyeingia Gerezani kwa Hukumu Yake

Wamesimulia waliotutangulia, na Mwenyezi Mungu ndiye ajuaye zaidi, kwamba katika mji mmoja wa mabustani alikuwako kadhi mchaji, Muwaffaq bin Salit, Allah amrehemu. Mjane aliyeitwa Bi Rabab alimshtaki kwake amiri wa mji. Amiri alikuwa amejenga ukuta wa zizi la farasi wake juu ya mfereji, na maji yakaacha kufika kwenye mikomamanga ya mjane, ambayo ndiyo iliyomlisha yeye na mayatima wake. Kadhi akaamuru ukuta ubomolewe.

Desturi ya mji ule ilikuwa kwamba aliyehukumiwa akitamka, "Nimesikia na nimetii," shauri limekwisha. Waliyaona maneno hayo mazito mno, hata hakuna Muislamu atakayethubutu kuyasema kisha asitende. Amiri aliyatamka vizuri sana, kwa unyenyekevu mwingi, akaenda zake kula. Ukuta ukabaki pale pale.

Mjane aliporudi kulalamika, makarani walimwambia kuwa shauri lake limekwisha, amiri ametii. Akajibu kwamba miti yake haijapata habari hiyo. Kadhi aliposikia alihuzunika mno. Akaenda mwenyewe bustanini, akakuta majani yamekauka na maua yamepukutika, ndipo akamwita amiri.

Amiri akaja na askari wake. Alipoulizwa, akasema kwamba alitii mbele ya watu, na mashahidi wapo.

"Ulimi wako umetii, ewe Amiri," akasema kadhi. "Mikono yako bado. Utakaa gerezani mpaka maji yapite."

Amiri akatabasamu, akauliza ni nani atakayempeleka, maana gereza liko mikononi mwa askari wake. Askari wakatazama chini.

Kadhi akavua joho lake.

"Basi mmoja wetu hana budi kuingia," akasema. "Ama wewe kwa kuidharau hukumu, ama mimi kwa kuwadanganya waja wa Allah kwamba hapa pana hukumu."

Akatoka, akapita sokoni bila joho, akaingia gerezani, akaketi pamoja na wezi. Wenye mashauri yao wakamfuata, wakakaa nje ya gereza.

Amiri alivumilia mpaka alasiri, kisha akatuma mtu kusema kwamba ukuta umebomolewa, kadhi atoke. Kadhi akajibu kwamba habari kama hizo alikwisha kuletewa. Na kweli, ukuta ulikuwa bado umesimama. Aibu ilipomzidi, amiri akashika sururu mwenyewe, watu wakimtazama. Kadhi hakuinuka mpaka Bi Rabab alipofika mlangoni mwa gereza, miguu yake imejaa tope la bustani yake.

Enyi ndugu, kusikia na kutii nasi tunakutamka kila tunaposomewa amri za Mola wetu, tena kwa sauti nzuri. Yeye hutusikia, kisha hutazama tulichofanya.