Mghoi na Mlima Ulioitikia Zeze

Paukwa!

Pakawa!

Masikio yapo?

Yapo, mwaga hadithi!

Hapo kale palikuwa na mwanamke aitwaye Mghoi, mpanda milima asiye na mfano. Alipanda na zeze lake mgongoni. Kila akifika kileleni alilipiga, akatulia, na mlima ukamwitikia. Watu wakisema, "Mghoi anaongea na mawe," yeye hucheka tu. Aliipenda ile milima kama ndugu wa tumbo moja.

Siku moja mto ukakauka. Kumbe zimwi limekalia chemchemi, juu ya mlima mkubwa kuliko yote! Wanaume wakapanda na mikuki, wakarudi mbio. Ng'ombe wakaanza kufa.

"Nitakwenda mimi," akasema Mghoi.

"Kwa mkuki gani, Mama Wakesho?" akauliza mumewe, Mwadime.

"Kwa zeze langu."

"Litakumeza wewe na zeze lako!"

"Mlima ule unanijua, Baba Wakesho."

Basi akapanda. Mwamba ukasimama wima. Akapiga zeze, mlima ukaitika: Panda, Mghoi, panda! Ukungu ukamfunika, akapiga zeze, mlima ukaitika: Panda, Mghoi, panda! Vidole vikafa ganzi kwa baridi. Akapiga hivyo hivyo, mlima ukaitika: Panda, Mghoi, panda!

Kileleni zimwi likanguruma, "Nani anapiga kelele mlimani kwangu?"

"Mlima si wako," akasema Mghoi.

Zimwi likampokonya zeze, likalitafuna, kacha! kacha! kacha! "Haya, piga sasa!"

Mghoi akalia. Alilia kweli. Kisha akafuta machozi, akaimba kwa mdomo mtupu. Mlima ukaitika. Akaimba tena, milima ya jirani ikaitika. Akaimba tena, na milima yote aliyowahi kuipanda ikaitika kwa pamoja! Mawe yakatikisika. Zimwi likaziba masikio, likateleza, likaporomoka korongoni, puu! Maji yakabubujika.

Mghoi alipofika chini, watu walikuwa wanakunywa na kurushiana maji.

"Zeze liko wapi?" Mwadime akauliza.

"Limeliwa."

Basi Mwadime akaugeukia mlima, akaanza ule wimbo wa mkewe kwa sauti yake mbaya, na watu wakaudaka. Nao mlima, ambao siku zote ulimjibu Mghoi peke yake, ukawaitikia wote.

Hadithi yangu imeishia hapo, chini ya mlima. Anayetaka zaidi na apande mwenyewe. Funzo lake ni hili: ukipenda kitu kwa moyo wote, usione haya watu wakikucheka.