Kauri ya Mize

Hapo zamani, watawala walipokuwa wakiwauliza raia swali na kulijibu wenyewe, palikuwa na Sultani katika mji wa Pembemoja, jina lake Sefu bin Dahmani. Basi mwaka mmoja Sultani huyo akataka kujua kama watu wanampenda. Akaamuru mitungi miwili iwekwe uwanjani, mmoja wa Ndiyo na mmoja wa La, na kila mtu mzima apewe kauri moja aitie apendapo. Mtungi wa Ndiyo ukawekwa kivulini, na kando yake palikuwa na kahawa. Mtungi wa La ukawekwa nyuma ya askari wanne wenye panga, wala hakuna aliyekatazwa kuufikia.

Ikawa jioni mtungi wa Ndiyo umejaa hadi shingoni, na kauri ni nyingi kuliko watu. Waziri Shekue hakufadhaika. Akamtuma mpiga mbiu, naye akapita mitaani akinadi:

"Enyi watu! Sultani amependwa na wote! Hata marehemu wa mji huu wameinuka, wakaja kwa miguu yao, wakatia kauri zao katika mtungi wa Ndiyo!"

Mbiu hiyo ikamfikia Vuai, mkwezi wa minazi, ambaye watu walimwita mpumbavu kwa kuwa akiambiwa neno hulishika kama lilivyo. Mkewe, Mize, alikuwa amefariki kabla ya masika. Vuai akafagia ua, akatia maji birikani, akaketi kizingitini kungoja. Hakuja mtu. Asubuhi akavaa kanzu yake, maana alikuwa nayo moja, akaenda barazani.

"Mawlana," akasema, "nimekuja kumchukua mke wangu."

"Mkeo nani, ewe mkwezi?"

"Mize binti Makungu. Jana alikuja hapa kwa miguu yake, mbiu imesema. Nyumbani hakufika. Na mke wa mtu kulala nyumba isiyo ya mumewe, Mawlana, hata wewe hulipendi."

Wazee wa baraza wakatazama mikeka. Waziri akafoka: "Mpumbavu we! Alitia kauri yake, kisha akarudi kaburini."

"Bila ya kunipitia? Nami namngojea aniambie alipoiweka mbuzi ya kukunia nazi! Nimeitafuta uvunguni, nimeitafuta darini. Mkwezi mzima nala wali usio nazi."

"Akili zako zimeanguka mnazini," akasema Sultani.

"Huenda, Mawlana. Lakini kusema ndiyo upesi hakukuwa tabia ya Mize. Mimi nilimposa mara tatu ndipo akaniitikia, na alikuwa akinipenda. Sisadiki kuwa wewe ulimpata kwa siku moja. Kama kauri yake imo, naomba nirudishiwe, nikaiweke kaburini kwake."

Watu waliosimama nyuma wakaanza kukohoa, na kikohozi kile hakikuwa cha mafua. Sultani akaghadhibika.

"Vema. Mtungi ule pale. Itoe kauri ya mkeo, hiyo yenyewe, uende nayo. Ukitoa ya mtu mwingine, utapoteza kichwa."

Kauri zote zilikuwa za pwani moja, zimefanana kama punje za mchele. Vuai akainama, akachungulia mtungini kitambo.

"Ni jambo jepesi, Mawlana. Sharti nisiguse ya mtu mwingine. Basi na waje walio hai, kila mmoja achukue yake, nawe wa kwanza. Zitakazosalia ni za marehemu, na ya Mize imo humo."

Waziri akasema jua ni kali. Sultani akasema mtungi uko kivulini. Maana kwa kweli alitaka kujua.

Basi Sultani akachukua kauri yake, na mji mzima ukafuata, hata bibi kizee aliyeletwa amebebwa kitandani. Wa mwisho alipokwisha kuchukua, mtungi ulikuwa bado umepita nusu.

Sultani akatazama ndani. "Hawa wote ni marehemu?"

"Ndio wakupendao, Mawlana. Walio hai wamekwisha kuchukua zao. Raia wako ni hawa, nao wote wanakaa makaburini. Haipendezi mtawala kuishi mbali na watu wake. Kando ya Mize pana nafasi. Nilijiwekea mwenyewe, lakini nitakupisha."

Hapo hakuna aliyekohoa. Waziri akangoja aitwe mwenye upanga. Sultani akaitazama kauri iliyokuwa mkononi mwake, akawatazama watu na kauri zao mikononi mwao, akaona hakuna hata mmoja anayekimbilia kuirudisha mtungini. Akacheka kicheko kifupi, kisichomfurahisha mtu.

"Shekue," akasema, "jitwike mtungi huu, uwarudishie wenyewe, kaburi kwa kaburi. Na ukifika kwa Mize, upige hodi. Nawe Vuai, kichwa ni chako. Omba zawadi."

"Nataka mbuzi, Mawlana."

Akapewa mbuzi mnono, mwenye kengele shingoni. Na kwa kuwa alikuwa mtu wa kulishika neno kama lilivyo, hakuweza kulalamika. Akashika kamba, akapitia makaburini, akaikuta kauri imewekwa juu ya mchanga, kisha akaenda zake nyumbani.

Hekaya imefika kizingitini, haina pa kwenda tena: mbuzi wa Sultani alizaa, na wanawe wakazaa, mbuzi ya Mize haijaonekana hata leo.