Shukrani za Bi Pimbi

"Jamani, nimwage hadithi?"
"Mwaga, tukinge!"
"Ikichuruzika?"
"Tutaizoa!"

Hapo kale Kiboko alilitawala bonde lenye chemchemi moja. Wanyama walizibua chemchemi, yeye akaoga. Walipanda majani, yeye akala. Siku moja akawaita, akasema, "Kuanzia leo mko huru. Mimi naondoka."

Vigelegele, lililili! Kiboko akaenda, akaenda, akafika kichakani, akageuka. Akarudi. Chubwi! Akalala kwenye jicho la chemchemi, akaliziba kwa tumbo lake.

"Bwana, si umetupa uhuru?" akauliza Bi Pimbi, mnyama wa miambani, mdogo kama sungura.

"Uhuru nimewapa. Maji nawatunzia tu, maana ninyi bado ni wachanga. Mwenye kiu aniombe, anishukuru, nami nitajigeuza kidogo."

Wakaomba, wakashukuru. Kiboko akajigeuza kidogo. Yakatoka matone, to! to!

Bi Pimbi alikuwa amejifungua mapacha. Kwa kiu, maziwa yakamkauka. Alipowaona wanawe wakinyonya bure, akawaendea wenzake usiku, wakanong'onezana. Asubuhi akaenda kwa Kiboko, akapiga magoti.

"Bwana Mkubwa, shukrani zetu hazitoshi hata kidogo. Tunataka kukushukuru rasmi. Panda pale mwambani, bonde zima likuone."

"Bonde zima?" Kiboko akacheka, gu-gu-gu! Akajikokota mpaka juu.

Jua likawaka. Swala akashukuru. Nyani akashukuru, akarudia. Kobe akashukuru polepole, akianzia kwa babu yake. Ngozi ya Kiboko ikaanza kupasuka, paa!

"Basi, inatosha!"

"Haitoshi, Bwana! Konokono bado hajasema!"

Huko chini, wenzao walikuwa wakibingirisha mawe, gudu, gudu, wakaizungushia chemchemi. Wakaacha matundu ya kupitisha maji tu.

Konokono alipokohoa ili aanze, Kiboko akashindwa. Akaporomoka upande wa pili, mbio, mpaka mto mkubwa wa kwao. Chubwi!

"Wale wana adabu sana," akawaambia ndugu zake.

Bi Pimbi akanywa, akanywa, maziwa yakamrudia. Wanawe waliposhiba, akawaendea waliobeba mawe, akamkumbatia kila mmoja. "Asanteni, jamaa zangu," akasema, na machozi yakamtoka.

Hadithi imekauka, aliyelowa ajianike. Na funzo, wanangu? Msiwe watundu kama Bi Pimbi. Mkubwa akiwapa uhuru, mshukuruni. Mshukuruni mpaka akimbie.