Deraya Tatu za Shija

Kuna watu wakishapata ufunguo mmoja uliofungua mlango mmoja, basi huutembeza kijiji kizima. Hujaribu kwa jirani, hujaribu ghalani, hujaribu hata kanisani, na kitasa kikikataa humlaumu fundi. Wahenga waliwaona watu hao zamani, wakacheka kidogo, kisha wakasema: kila mlango na ufunguo wake. Maana yake ni kwamba kila tatizo lina dawa yake, na dawa iliyoponya jana si lazima iponye leo. Kisa cha Shija mwana wa Sayi kinathibitisha hayo, tena hakikutokea mbali. Kilitokea Iringa, katika ukumbi mmoja pale Mlandege, mbele ya watu na mchana kweupe.

Shija alizaliwa katika uwanda wa Usangu, katika familia ya Wasukuma waliohamia huko na ng'ombe wao tangu enzi za babu yake. Alipomaliza kidato cha nne alikwenda Mbeya kujifunza ufundi wa kompyuta, na huko ndiko alikoujua mchezo uitwao Vita vya Ngome. Ni mchezo wa kwenye simu. Watu watano hupambana na watano kupitia mtandao, kila mmoja akimwongoza shujaa wake, na timu inayobomoa ngome ya wenzao ndiyo mshindi. Shujaa wa Shija aliitwa Nyati. Kazi ya Nyati haikuwa kuua. Yeye alitangulia mbele, akapokea mapigo yote, na akajitahidi asife, ili wenzake walioko nyuma wapate nafasi ya kupiga. Kwa kijana aliyekua akiamua ugomvi wa fahali, kazi hiyo haikuwa ngeni.

Mwaka mmoja baba yake, mzee Sayi, alimwita nyumbani. Nashoni, kaka yake Shija, alikuwa ameondoka kwenda Chunya kutafuta dhahabu, na mikono ya kuchunga ilikuwa imepungua.

"Mwanangu, ng'ombe hawachungwi kwa simu," mzee alisema. "Rudi."

Shija alisihi, akabembeleza, akasihi tena. Mwishowe wakakubaliana hivi: timu yake ya mchezo huo ikitwaa ubingwa wa Nyanda za Juu Kusini kule Iringa, itakwenda kwenye fainali ya taifa, naye atabaki Mbeya amalize masomo yake, binamu yake ndiye atakayechunga. Ikishindwa, atapanda basi siku hiyohiyo na kushuka Rujewa, karibu na kwao, na begi lake. Mzee aliongeza kwamba atakwenda mwenyewe Iringa kuona kwa macho yake, kwani masikio yake yalikuwa yamekwisha kudanganywa sana na vijana.

Lakini baina ya baba na mwana kulikuwa na jambo jingine, na jambo hilo lilikuwa chungu. Mwaka uliotangulia, homa ya mapafu ya ng'ombe ilikuwa imeingia Usangu. Mzee Sayi alikuwa muumini wa josho. Aliwaogesha ng'ombe wake bila kukosa, kupe hawakuonekana zizini kwake, na ndigana, ugonjwa uletwao na kupe, ilikuwa imemsahau kabisa. Kwa hiyo bwana mifugo alipopita na chanjo ya homa ya mapafu, mzee alimjibu kwa maringo, "Ng'ombe wangu wameoga." Ng'ombe walipoanza kukohoa, mzee hakubadili dawa. Akawaongezea josho. Wakazidi kukohoa, akaongeza tena. Wakafa mmoja mmoja, ngozi zao zikiwa hazina hata kupe mmoja.

Shija alikuwa likizo wakati huo. Uchungu ulimpanda kichwani, akamwambia baba yake mbele ya wageni waliokuja kutoa pole, "Baba, josho huua kupe! Hiki ni kikohozi. Hata mtoto anajua!"

Neno lile lilimkaa mzee moyoni kama mwiba, na tangu siku hiyo mazungumzo yao yakawa ya salamu na kazi tu.

Siku ya mashindano ilipofika, baridi ya Iringa ilikuwa kali, na mzee Sayi aliingia ukumbini na koti lake zito na fimbo yake ya kuchungia.

"Mwangaluka, baba," Shija alimwamkia kwa Kisukuma.

"Mwangaluka." Mzee alitafuta kiti karibu na Ombeni, mchezaji wa akiba wa timu ya Mbeya, akakaa huku akiikazia macho skrini kubwa iliyotundikwa ukutani.

Nahodha wa Mbeya alikuwa Atuganile, binti wa Kinyakyusa mwenye ulimi usiokwepesha maneno. Wa Iringa aliitwa Kasian, kijana mpole, mwenye tabasamu la kudumu ambalo wengi waliodanganyika nalo walikuja kujuta. Michezo ilikuwa mitatu, na atakayeshinda miwili ndiye bingwa.

Mchezo wa kwanza ulipoanza, Ombeni alimfafanulia mzee kwa adabu. "Baba, mapigo ni ya aina mbili. Kuna ya silaha, yaani mishale na mapanga. Hayo yakimpata mtu, namba nyekundu zinaruka juu ya kichwa chake. Na kuna ya uchawi, yaani moto na radi. Hayo namba zake ni za bluu. Sasa, deraya, yaani vazi la chuma, inapunguza mapigo ya silaha, na hirizi inapunguza ya uchawi. Zote zinanunuliwa kwa dhahabu."

"Dhahabu? Mwambieni basi Nashoni aje achimbe huku," mzee alisema. Kisha akauliza, "Na hiyo deraya, haizuii uchawi?"

"Haigusi kabisa, baba."

"Ehee," mzee aliitikia.

Kasian alikuwa ameleta wapiga mishale watatu. Shija alinunua deraya, halafu ya pili, halafu ya tatu, na mishale ikawa kama mvua juu ya bati. Nyati alitembea katikati yao bila wasiwasi, na Mbeya ikashinda kabla chai ya mzee haijapoa. Vijana walishangilia, na Shija akavimba kichwa. Katika akili yake akaandika kwamba deraya tatu ndizo siri ya ushindi.

Hapo pana hesabu ambayo wachezaji wengi huipita mbio. Deraya ya kwanza hulipunguza pigo la mia moja likawa hamsini. Ya pili hulifikisha kama thelathini na tatu. Ya tatu hulifikisha ishirini na tano. Yaani ya kwanza humwokoa mtu na maumivu ya hamsini, lakini ya tatu humwokoa na manane tu, na bei yake ni ileile. Na hiyo ni kwa mishale. Kwa moto, hata ukivaa deraya kumi, mia inabaki kuwa mia.

Katika mchezo wa pili Kasian, tabasamu likiwa palepale, aliwaweka pembeni wapiga mishale na kuwaleta wachawi wa moto.

"Shija, wamebadilisha," Atuganile alimtahadharisha. "Umewaona?"

"Nimewaona. Nyati yuko imara, usihofu," Shija alijibu, huku kidole chake kikinunua deraya.

Moto ulimkuta Nyati mlangoni, akafa. Alipofufuka alinunua deraya ya pili, akatoka mbio, akafa. Akanunua ya tatu. Sasa Nyati aling'aa chuma kuanzia pembe hadi kwato, mzuri wa kutazama, naye akafa upesi kuliko mwanzo, maana wachawi nao walikuwa wameongeza moto. Namba za bluu zilikuwa zikimrukia kichwani kama kumbikumbi. Bila mtu wa kuwakinga mbele, wenzake walisambaratika, na ngome ya Mbeya ikaanguka.

"Jamani, Shija!" Atuganile aliweka simu chini. "Ule mchuma wote ulikuwa unamkinga nani? Mchezo wa tatu anaingia Ombeni. Sitanii."

Shija alitoka nje, akasimama ukutani penye kijua kidogo. Alijiona tayari ameshuka Rujewa na begi begani, masomo yameishia njiani, na moyo ukamwuma sana. Mara akasikia fimbo ikigonga sakafu ya varanda. Baba yake alikuwa amemfuata, na ajabu ni kwamba mzee alikuwa anacheka. Alicheka taratibu, mabega yakitikisika.

"Unanicheka, baba?"

"Najicheka mimi. Nilikuwa nimekaa pale nakutazama, nikajiona mwenyewe pale joshoni. Anakohoa, mwogeshe. Anazidi, mwogeshe tena." Mzee alijifuta macho. "Zile namba zilizokuua zilikuwa za rangi gani?"

"Za bluu."

"Na ulichokuwa unanunua kinazuia zipi?"

Shija aliinamisha kichwa. "Nyekundu."

"Haya."

Aibu ilimshika Shija, lakini haikuwa ya mchezo. Alikumbuka wageni waliokaa kwenye vigoda siku ile, na baba yake akitazama chini.

"Baba, nisamehe. Yale maneno niliyokwambia mbele ya watu yamekuwa yakinisumbua. Sikupaswa kusema vile."

"Ulisema kweli. Ila ulinichapa nayo kama mtoto, na niliumia." Mzee alikohoa kidogo. "Yamekwisha. Wewe una nafuu, mwanangu. Mimi ng'ombe wangu walinifundisha kwa kufa, na ng'ombe akifa hafufuki. Huyo Nyati wako anafufuka."

"Sasa nifanyeje? Ninunue hirizi tatu?"

"Mchezo wenu siujui, nisikudanganye. Ng'ombe waliobaki nimewachanja wote. Na josho bado wanaoga, maana kupe nao hawajahama Usangu." Akamgusa mwanawe begani. "Nenda, wenzako wanakungoja."

Shija alirudi ndani na kumwomba nahodha wake nafasi ya mwisho. Atuganile alimtazama usoni, akaona kitu kimebadilika, akasema, "Kaa. Lakini nakuangalia."

Mchezo wa tatu ulianza. Orodha ya mashujaa wa Iringa ilionyesha wachawi wawili waziwazi, huku silaha za wengine zikiwa hazijulikani, na ukumbi mzima ukajua kwamba Shija atakimbilia hirizi. Dhahabu ilijaa mfukoni mwa Nyati. Shija hakununua kitu.

"Nunua!" Atuganile alimhimiza.

"Bado."

"Shija, nunua chochote, utakufa uchi!"

"Nahodha, niache niugue kidogo nijue ninachougua."

Akatoka na Nyati asiye na deraya wala hirizi, akasimama mbele ya adui kama mtu aliyesahau shati. Ombeni alifumba macho. Mzee Sayi alishika fimbo yake kwa mikono miwili. Moto ukampiga Nyati, namba za bluu zikaruka. Ukampiga tena, bluu. Kisha, kutoka kichakani ambako hapakuonekana mtu, ikaruka namba moja kubwa nyekundu.

Shija alirudi nyuma uhai ukiwa umebaki kidogo kabisa. Lakini sasa alikuwa anajua. Kasian alikuwa amemficha mpiga mishale hodari, akingoja Nyati ajijaze hirizi ndipo amwangushe kwa mshale. Shija alinunua hirizi, kwa kuwa moto ulikuwa mwingi. Halafu akanunua deraya moja, ile ya kwanza inayookoa nusu ya pigo. Kisha hirizi ya pili. Basi.

"Twende," alisema kwa sauti ya chini.

Nyati alitangulia. Moto ulimwangukia, na pigo lililokuwa la mia likafika thelathini na kidogo. Mishale ikaja, ikapoteza nusu ya makali. Uhai wake ulipungua polepole, tone kwa tone, na kwa kila tone wenzake wanne waliokuwa nyuma yake walikuwa wanapiga. Mchawi wa kwanza alianguka, wa pili akafuata. Mpiga mishale alitoka kichakani akijaribu kuokoa jahazi, akakutana na Atuganile uso kwa uso. Ngome ya Iringa ilipoporomoka Nyati alikuwa bado amesimama, amechakaa lakini yu hai.

Ukumbi ulilipuka kwa vifijo, hata wenyeji wakapiga makofi. Atuganile alimkumbatia Shija huku akimshukuru kwa Kinyakyusa, "Ndaga! Ndaga fijo!" na machozi yakimtoka. Kasian alikuja kuwapa mkono.

"Nilikuwa na hakika utanunua hirizi tatu," alikiri. "Mpiga mishale wangu alikuwa anakusubiri wewe tu."

Alasiri hiyo Shija alimsindikiza baba yake kupanda basi. Mzee alipanda peke yake, na begi la Shija lilibaki begani mwa mwenyewe.

"Nenda kwenye fainali yako," mzee alisema kupitia dirishani. "Binamu yako atachunga. Ila ukija likizo, tukiwa na wageni, uwasimulie na hili la leo. Zile deraya tatu. Waambie hata mtoto anajua!"

Shija alicheka mpaka akashika tumbo. "Nitawasimulia, baba. Wageni walewale."

Basi liliondoka, na mzee akapunga mkono mpaka lilipokata kona. Josho lina kazi yake na chanjo ina kazi yake. Deraya ni ya mshale na hirizi ni ya moto. Hakika, kila mlango na ufunguo wake.