Posa Mbili za Binti Twiga

Hapo zamani za kale, wanyama walipokuwa bado wanabishiana hodi milangoni, Bi Twiga alikuwa na binti aitwaye Zawena. Binti kakua, kapita paa la nyumba, ila haya zimemjaa. Mgeni akija, yeye hutazama kwato zake. Mama mtu halali. Atamwachia nani mtoto huyu?

Nyati akaja kuposa.

"Mwanangu, wamtaka?"

Zawena kimya.

"Kimya cha mwari ni ndiyo," akasema Bi Twiga. Akapokea mkaja, ile nguo apewayo mama, akajifunga kiunoni.

Kesho yake akaja Kifaru. Bi Twiga akamwuliza binti kwa adabu tu. Zawena kimya.

"Na huyu pia?" Bi Twiga akachanganyikiwa. "Ya Rabi. Lakini kimya ni kimya." Akajifunga mkaja wa pili.

Ijumaa wakafika wote wawili kuoa. Puuh, Nyati akapumua. Kwaruu, Kifaru akapitisha pembe ukutani, nyumba ikatikisika. Jirani yao Nguchiro, mwembamba kama mwiko, akapenya katikati.

"Mabwana, nani kakubaliwa?"

"Mimi. Alinyamaza."

"Hata mimi alininyamazia."

"Basi tumwulize. Zawena, hawa wakamlimie mama yako shamba kwanza?"

Zawena kimya.

"Mmesikia? Kakubali."

Wakaenda kushindana kulima. Tifu, tifu, mpaka adhuhuri. Bi Twiga kila akitaka kusema, Nguchiro humzuia: "Ngoja, mama."

Waliporudi wanatiririka jasho, sauti ikashuka kutoka juu.

"Simtaki Nyati."

Bi Twiga akafungua kinywa.

"Ngoja, mama. Bado la Kifaru."

Wakangoja.

"Wala Kifaru."

"Sasa mbona hukusema siku ile, mwanangu?"

Wakangoja tena, hata Kifaru.

"Nilikuwa nasema, mama. Shingo yangu ndefu. Neno likifika mdomoni, wewe umeshajifunga mkaja."

Bi Twiga akapapasa shingo yake mwenyewe, asielewe: mbona yake maneno huipanda mbio? Akaifungua mikaja, mmoja mmoja, akawarudishia wenyewe.

"Na shamba tulilolima?" akauliza Nyati.

"Mwulize Zawena," akasema Nguchiro. "Akinyamaza, ni sadaka."

Wanangu, asiyengoja jibu hujibiwa na tamaa yake. Nami kosa hilo ninalo. Mkiniona nauliza kisha najijibu, nawaomba mnishike mkono, mniambie ningoje.